Padres hawaonekani ukiwa San Diego?

Kaka, umelipia MLB.TV, huduma ya ligi kuu ya besiboli ya Marekani ya kutazama mechi mtandaoni, na Padres, timu ya San Diego, bado giza. Shida si bando lako. Kifurushi hicho cha kawaida husoma mahali ulipo na kuzuia mechi za timu ya nyumbani. Yankees wa New York utawaona mpaka uchoke! Zamani haki za kurusha mechi za Padres eneo hilo zilikuwa za chaneli ya kebo, lakini mwenye chaneli, Diamond Sports, aliomba kinga ya kufilisika Machi 2023, akaacha kuwalipa Padres, na tangu 31 Mei mwaka huo ligi yenyewe ndiyo inarusha mechi zao. Chukua kile kifurushi cha Padres cha wenyeji, kilichoanza kwa dola 19.99 kwa mwezi, bila kebo. Mechi za Ijumaa zilizouzwa kwa Apple hazimo. Hizo zinalipiwa kivyake, inaudhi kweli.