Jibu: Chemshabongo ya kwanza ya televisheni ni ya 1938 au 1941?

Salaam ndugu. Umekwama kwa sababu kitabu kimoja kinasema kipindi cha kwanza cha chemshabongo kwenye televisheni kilirushwa 1938, kingine 1941, na video huipati.

Kwanza angalia kila kitabu kinaongelea nchi gani. Spelling Bee ya BBC, mashindano ya kutaja herufi za maneno yaliyoongozwa na Freddie Grisewood, ilirushwa Mei 31, 1938 kutoka Alexandra Palace, London. Mimi hiyo ndiyo naihesabu ya kwanza. Marekani ilifuata Julai 1, 1941, siku televisheni ya kibiashara ilipoanza rasmi: Truth or Consequences ilionyeshwa New York mara moja tu kama jaribio. Kesho yake ikaanza CBS Television Quiz, na hiyo ikaendelea kurushwa. Kwa hiyo 1941 ni sahihi kwa Marekani.

Video ya 1938 usihangaike nayo. Vipindi vilikwenda hewani moja kwa moja, na kurekodi televisheni hakukuwa kawaida. Mimi hutumia ratiba za jarida la Radio Times, ambazo BBC imeziweka mtandaoni. Tafuta kwa tarehe, la sivyo utaichanganya na mashindano kama hayo ya redioni.