Jibu: Diwani wetu kaenda Augusta, theluji tumwambie nani?

Salaam ndugu. Umeuliza: diwani wenu kachaguliwa Bunge la jimbo la Maine, Marekani, mtaa wenu bado hauzolewi theluji, je, umfuate Augusta, makao makuu ya jimbo?

Hapana. Kwanza angalia kero ni ya nani. Theluji, taka, vibali vya ujenzi, hayo yanabaki kwa jiji. Mpigie karani wa jiji, muulize pia kiti kitajazwaje, maana kila jiji lina katiba yake. MaineCare, yaani bima ya afya ya jimbo kwa wenye kipato kidogo, na leseni za udereva ndizo za jimbo.

Na usimlaumu akionekana kapungua nguvu. Kwa mfano, Deqa Dhalac aliingia baraza la jiji la South Portland 2018, madiwani wenzake wakamchagua meya 2021, kisha akashinda ubunge wa jimbo 2022. Kutoka meza ya watu saba hadi Baraza la Wawakilishi lenye watu 151! Kule kura moja ni ndogo mno, kwa hiyo mbunge wenu anahitaji sauti zenu kwenye kamati za Bunge, na hapa ndipo watu wetu wanapokosekana, jambo linaloniuma sana.

Nilipokwenda kutoa maoni kuhusu mswada wa wapangaji nilipewa dakika tatu tu. Nilitaja jina, mji ninaoishi, kisha moja kwa moja kodi ya nyumba ilivyopanda na nilichoacha kununua ili niilipe. Wajumbe waliacha simu zao wakasikiliza. Unaweza pia kutuma maandishi au kuzungumza kwa mtandao.

Ukipata namba ya mswada, niandikie, tuyaandae maelezo yako kwa Kiswahili kwanza.