Maswali ya Wasomaji: Aliyeandika Zwartboek Ni Nani?

SWALI: Ndugu mwandishi, nimeitazama Zwartboek, ile filamu ya Uholanzi. Kila nikisoma habari zake natajiwa mwongozaji Paul Verhoeven tu. Aliyeiandika ni nani? Na mwandishi hubaki na nini mwongozaji wake akihamia Hollywood?

JIBU: Ahsante kwa kumuulizia mwandishi, maana mara nyingi husahaulika. Ni Gerard Soeteman, mzaliwa wa Rotterdam, 1936. Mswada huo aliuandika pamoja na Verhoeven.

Ushirikiano wao ulianzia kwenye televisheni mwaka 1969, na Floris, tamthilia ya shujaa wa Zama za Kati iliyomtoa mwigizaji Rutger Hauer. Kisha Soeteman akageukia kuandika filamu kutokana na riwaya za wengine. Turks fruit (1973), kutoka riwaya ya Jan Wolkers, ilichaguliwa mwaka 1999 kuwa filamu bora ya Uholanzi ya karne. Zikafuata Keetje Tippel, Soldaat van Oranje na nyinginezo, hadi Verhoeven alipokwenda Marekani katikati ya miaka ya 1980.

Soeteman akabaki kwao, na kalamu yake haikulala. Mwaka 1986 ilitoka De Aanslag, kutoka riwaya ya Harry Mulisch, mwongozaji akiwa Fons Rademakers. Hiyo ilishinda Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni, na kwangu mimi ndiyo kazi yake kubwa kuliko zote. Hadithi inaanzia Haarlem, mji wa Uholanzi, Januari 1945: polisi anayewatumikia Wanazi anapigwa risasi barabarani. Majirani wanaiburuta maiti hadi mbele ya nyumba ya kijana Anton, na Wajerumani wanaiteketeza nyumba hiyo. Usiku huo Anton anafungiwa gizani na mwanamke ambaye hawezi kumwona uso. Miaka inapita, anaoa. Mtazame vizuri mkewe: ni Monique van de Ven, mwigizaji yuleyule aliyecheza mfungwa wa gizani! Hakuna anayekwambia, unaona mwenyewe.

Sasa Zwartboek (2006). Habari zake walianza kuzikusanya walipokuwa wakifanyia utafiti Soldaat van Oranje (1977), lakini mswada ulikwama miaka mingi. Mhusika mkuu alikuwa mwanamume. Soeteman ndiye aliyeamua awe mwanamke, Rachel Stein, Myahudi anayejipenyeza kwa Wanazi, na hadithi ikakubali kwenda. Verhoeven akarudi Uholanzi kuitengeneza.

Itafute De Aanslag, ndugu yangu, kisha uniandikie ulivyoiona.