Rafu ya Bi Mkutubi: Kitabu kiitwacho Binti

Bi Mkutubi, shikamoo. Binti yangu wa kidato cha pili aligongwa na bodaboda. Mguu umefungwa plasta, yupo kitandani, na ameshajaza madaftari matatu ya hadithi za miji iliyo chini ya bahari. Baba yake anasema bora angesoma baiolojia. Mwenyewe anamtaja mwandishi wa kitabu kiitwacho *Binti*, eti naye alianzia kitandani. Ni kweli? Na ni Mswahili huyo?
Mama wa Morogoro

Marahaba mwanangu, na pole kwa kuuguza. Ni kweli kabisa. Mwandishi huyo ni Nnedi Okorafor. Si Mswahili. Wazazi wake ni Waigbo wa Nigeria waliokwenda Marekani kusoma, vita vya Biafra vikawazuia kurudi, naye akazaliwa Cincinnati mwaka 1974. Neno ndilo letu, lakini msichana wa kitabuni ni Mhimba wa Namibia, anayejipaka udongo mwekundu uliochanganywa na mafuta kama walivyo kwao, na anayetoroka nyumbani kwenda kusoma chuo kikuu kilichoko sayari nyingine. Njiani chombo chao kinavamiwa na viumbe mfano wa konyeza. Ni kitabu chembamba, kilitoka 2015, kikapata tuzo za Nebula na Hugo, ambazo ni tuzo kubwa za hadithi za kisayansi na za ajabu.

Sasa hicho kitanda. Okorafor alikuwa mcheza tenisi hodari, na alichotaka maishani ni kusomea wadudu. Uti wake wa mgongo ulikuwa umepinda. Alipokuwa na miaka 19 alifanyiwa upasuaji wa kuunyoosha, akazinduka miguu haimsikii. Hapo wodini ndipo alipoanza kuandika hadithi, kwenye ukingo wa kurasa za kitabu alichokuwa nacho. Alijifunza kutembea upya, akaanza na mkongojo. Aliporudi chuoni alijiunga na darasa la uandishi wa kubuni, na muhula haujaisha alikuwa ameshaanza riwaya.

Nilikuwa mkutubi wa shule ya bweni ya wasichana kwa miaka 26. Waliokuwa wakiandika hadithi walificha madaftari chini ya godoro, maana yakikamatwa yalichanwa. Siku moja niliokota vipande vya daftari kama hilo jalalani, nikaviunganisha kwa gundi ya unga wa ngano. Ilikuwa hadithi ya kisima kinachojibu maswali. Mwenyewe alikuwa ameshahama shule. Vipande hivyo ninavyo hadi leo, na ndiyo maana nakuomba, mama, yale madaftari matatu yatunze.

Na baba yake usigombane naye. Mwambie kuwa katika riwaya ya kwanza ya Okorafor, *Zahrah the Windseeker* ya mwaka 2005, kompyuta huota kutoka kwenye mbegu kama mboga. Hadithi ya namna hiyo huandikwa na mtu aliyekaa akatazama mimea na wadudu kwa mapenzi. Kitabu hicho kilipata Tuzo ya Wole Soyinka mwaka 2008. Na shule hakuiacha: alichukua uzamili wa uandishi wa habari, kisha uzamivu wa fasihi ya Kiingereza huko Chicago, na kwa miaka mingi alifundisha vyuo vikuu huku akiandika. Kwa hiyo mpeni binti kitabu cha baiolojia na daftari la nne. Halafu mwulize watu wa mji wake wa baharini wanavuta hewa vipi.

Ila kimoja mcheleweshee: *Who Fears Death*, cha mwaka 2010, kilichopata Tuzo ya World Fantasy. Kinatokea Sudan ya siku zijazo, na ubakaji wa kivita umo ndani waziwazi. Ni kitabu kizito mno, cha watu wazima.

Bi Mkutubi, mwanangu ameazima *Akata Witch*, cha Okorafor huyohuyo. Nimeona neno “mchawi” kwenye jalada, moyo ukashtuka. Nimnyang’anye?
Baba wa Likoni

Hapana, baba. Bibi yangu kule Pangani alinisimulia Nunda mla watu kila usiku wa masika, na hakuna aliyemwita mchawi. Keti ukisome na mwanao. Utamkuta Sunny, msichana wa miaka 12 mwenye ualbino, aliyezaliwa New York na sasa anaishi Aba, Nigeria. Anapenda mpira wa miguu lakini jua halimruhusu. Anagundua kuwa ni mmoja wa Watu wa Chui, yaani watu wenye nguvu za uchawi, na kwa watu hao kila ujifunzapo jambo pesa zao za metali hudondoka kutoka hewani. Mkutubi gani hatakipenda kitabu hicho!

Nilikuwa na mwanafunzi mwenye ualbino. Aliazima kitabu kimoja kwa wiki, kwa sababu maandishi madogo yalimchosha macho, na alikisogeza hadi karibu na pua. Ilikuwa miaka ile magazeti yetu yalipojaa habari za watu kama yeye kukatwa viungo, na asubuhi niliyaficha magazeti hayo kabla hajaingia. Katika rafu zangu zote hakukuwa na hadithi hata moja ambayo mtu kama yeye ndiye shujaa. *Akata Witch* kilitoka 2011, yeye ameshamaliza shule. Kingewahi, ningemwekea kando, chini ya meza yangu, asikiazime mwingine kabla yake.