Fundi Anajibu: Faili za Maktaba Zinazoshika Nywila

Salaam aleikum. Seva ya maabara yetu ya kompyuta ilikuwa na mfumo wa Linux wa Debian 10. Tukaipandisha hadi 11, na stima ikakatika katikati. Sasa kila anayejaribu kuingia anakataliwa, na skrini inaandika "libcrypt.so.1: cannot open shared object file". Rafiki yangu wa Malindi ana mashine nzima, yuko tayari kunitumia faili hiyo kwa flashi. Niipokee?
*Msomaji, Langoni, Lamu*

Waaleikum salaam, ndugu yetu. Usiipokee.

Faili ya .so ni maktaba ya pamoja: msimbo uliowekwa mahali pamoja ili programu nyingi ziutumie bila kila moja kubeba nakala yake. libcrypt ndiyo inayosaga nywila unayoandika, yaani kuigeuza kuwa herufi zisizorudi kuwa nywila, kisha pam_unix.so, maktaba inayokagua kuingia, inalinganisha matokeo na yale yaliyomo kwenye /etc/shadow, faili ya nywila zilizosagwa. Hata Perl, lugha ya programu ambayo apt na dpkg (zana za kusakinisha programu) huiita mara kwa mara wakati wa kusakinisha, inaitegemea. Ndiyo maana imekosekana faili moja na mashine nzima imekwama.

Katika Debian 10 faili hiyo ilikuwa ndani ya kifurushi cha libc6. Kuanzia Debian 11 ina kifurushi chake, libcrypt1. Inavyoelekea, stima ilikatika libc6 mpya ikiwa imeshaondoa faili ya zamani, na libcrypt1 haijafika.

Sasa kuhusu flashi. libcrypt.so.1 si faili kamili bali ni kiungo kinachoelekeza kwenye libcrypt.so.1.1.0. Flashi nyingi zina mfumo wa FAT, na FAT haihifadhi viungo vya namna hiyo. Mashine ya rafiki yako ikiwa ya biti 32 na yako 64, utapata kosa jingine la "wrong ELF class". Lakini hayo ni madogo. Faili hii inapitiwa na nywila ya kila mtu hapo maabara, na faili ya mkononi haina sahihi ya kuthibitisha ilikotoka. Kinachopakuliwa na apt hukaguliwa sahihi kwanza.

Kama kuna dirisha lolote ambalo bado limeingia kama root (msimamizi mkuu wa mashine), usilifunge kwa hali yoyote. Fanya hivi humo:

cd /tmp
apt download libcrypt1
dpkg-deb -x libcrypt1_*.deb .
cp -av lib/x86_64-linux-gnu/libcrypt* /lib/x86_64-linux-gnu/
ldconfig
dpkg --configure -a
apt --fix-broken install

Ile nukta mwishoni mwa mstari wa tatu ina maana "hapa hapa", yaani ndani ya /tmp. Usiweke / mahali pake. Mwongozo wa dpkg-deb wenyewe unaonya kwamba kufungulia kifurushi kwenye mzizi wa mfumo si kukisakinisha. Na -a ya cp ndiyo inayokibakisha kiungo kuwa kiungo.

Hakuna dirisha lililobaki? Washa mashine kwa flashi ya Debian 11 hai, pachika diski ya seva kwenye /mnt, pakua na ufungue kifurushi vivyo hivyo, ila unakili kwenda /mnt/lib/x86_64-linux-gnu/. Kisha ingia ndani ya mfumo wa seva kwa chroot /mnt umalizie amri tatu za mwisho.

Wapo watakaokushauri uelekeze LD_LIBRARY_PATH, mpangilio unaoonyesha maktaba zitafutwe wapi, kwenye folda nyingine. Kwa su na passwd haisaidii: programu zinazopewa mamlaka ya root hata zikiitwa na mtumiaji wa kawaida huipuuza makusudi, la sivyo mtumiaji yeyote angeziingizia maktaba yake.

Ukimaliza, andika dpkg -V libcrypt1 libpam-modules. Ikinyamaza, faili ni zile zile za kifurushi. Jaribu kuingia kwenye dirisha la pili kabla hujafunga la kwanza. Na kabla ya kupandisha toleo tena, unganisha UPS.

Hujambo fundi. Mashine ya ofisi yenye Ubuntu 22.04 imekufa. Nimenakili /etc/passwd (orodha ya watumiaji) na /etc/shadow kwenye mashine ya akiba yenye Ubuntu 18.04. Wafanyakazi wawili wa zamani wanaingia, wengine wote wanaambiwa nywila si sahihi, nao wanaapa hawajabadilisha kitu.
*Msomaji, Maweni, Malindi*

Sijambo, dada. Wanasema kweli. Fungua shadow utazame herufi zinazofuata jina na nukta pacha. Kwa wale wawili utakuta $6$, yaani nywila zilisagwa kwa njia ya SHA-512. Kwa wengine ni $y$j9T$, ambayo ni yescrypt, njia ya kusaga inayotumiwa kwa kawaida na Ubuntu 22.04. libcrypt ya 18.04 haiijui yescrypt, kwa hiyo inashindwa kusaga na mfumo unajibu kana kwamba nywila ni mbaya. Wale wawili bila shaka waliweka nywila zao zamani na hawajazigusa tangu hapo.

Hakuna programu ya kugeuza $y$ kuwa $6$, maana kilichohifadhiwa hakirudi kuwa nywila. Ama usakinishe 22.04 kwenye ya akiba, na hilo ndilo ningelifanya, ama umpe kila mtu nywila mpya kwa amri ya passwd.

Jambo jingine: usinakili faili nzima. Chukua mistari ya watumiaji wenye namba 1000 na kuendelea, kwa sababu namba za akaunti za mfumo hutofautiana kati ya toleo na toleo, na huduma zikapoteza umiliki wa faili zao. Nakala ya shadow uliyoipitishia kwenye flashi, ifute leo.

Fundi, ule mlango wa siri uliogunduliwa mwaka 2024 unaigusa seva yangu? Na baada ya sasisho ni lazima niwashe upya?
*Msomaji, Shela, Lamu*

Uliwekwa kwenye liblzma, maktaba ya kubana faili, matoleo 5.6.0 na 5.6.1. Andres Freund aliutangaza tarehe 29 Machi 2024, baada ya kuona kuingia kwa SSH, njia ya kuingia kwenye mashine ukiwa mbali, kunachelewa karibu nusu sekunde. sshd, huduma inayopokea SSH, yenyewe haiiti liblzma, lakini Debian na baadhi ya wengine waliiunganisha sshd na maktaba ya libsystemd, na libsystemd ikaivuta liblzma. Toleo thabiti (stable) la Debian halikuguswa. Hakiki kwa dpkg -l liblzma5.

Kuhusu kuwasha upya: programu iliyokwisha kuanza hubaki na maktaba ya zamani kwenye kumbukumbu hata faili ikibadilishwa diskini. Sakinisha needrestart ikuonyeshe huduma zipi bado zimeshika ya zamani, uziwashe hizo tu. Kwa sshd ni systemctl restart ssh; dirisha ulilomo halikatiki.