Pitisha ulimi juu ya meno

Swali lenu la wiki hii: je, matangazo ya biashara yanaunda utamaduni, au yanaonyesha tu jinsi tulivyo? Kabla sijajibu, pitisha ulimi juu ya meno yako ya mbele. Umehisi utando?

Ndivyo Claude Hopkins, mwandishi wa matangazo, alivyowaambia Wamarekani mwanzoni mwa karne ya 20 alipokuwa akiinadi dawa ya meno ya Pepsodent. Utando huo ulikuwapo tangu binadamu aanze kutafuna, wala haukumkosesha mtu usingizi. Hopkins akaufanya adui. Ukishaambiwa basi, hata sasa ulimi wako bado unazunguka humo. (Watu walizidi kupiga mswaki, na hilo simnyimi.)

Listerine, ambayo leo ni dawa ya kusukutua kinywa, ilitengenezwa 1879 kwa kazi ya kuua vijidudu. Miaka ya 1920 matangazo yake yakaokota neno la kitabibu, halitosis, yaani kunuka mdomo, yakalitandaza mitaani pamoja na picha za mabinti waliokosa waume kwa sababu ya harufu ya kinywa, eti hata marafiki wanaona haya kuwaambia. Ujanja uko hapo hapo. Kama hakuna atakayekwambia, utajuaje kwamba huna?

Kwa hiyo mimi nasema yanaunda. Yanachukua wasiwasi mdogo, yanaupa jina, kisha kazi ya kuueneza tunaifanya wenyewe, bure.

Mwezi uliopita nilikuwa nampiga picha binti yangu wa miaka tisa. Nikamwambia acheke. Akatabasamu midomo imefumbwa.

"Meno yangu ya njano, baba."

Nikamwambia afungue nione. Meno mazima kabisa, yale ya ukubwani yaliyoanza kuota kando ya meno ya utoto, na meno ya ukubwani huwa na umanjano zaidi. Ndani jino lina umanjano, na ganda lake la nje linapitisha mwanga. Meupe kama karatasi aliyaona kwenye tangazo. Nikamweleza yote hayo kama mwalimu mbele ya ubao. Akanisikiliza kwa adabu.

"Sawa, baba. Lakini piga hivi hivi nimefumba."

Nikapiga. Usiku, mswaki mkononi, nikajikuta nimesogelea kioo, nimeinua mdomo wa juu kwa kidole, nakagua.