Ukipata faili lako, anza na vikaratasi vidogo

Karibu kila wiki napata wasapu, mzee nimepata faili langu la utotoni lililoandikwa na serikali ya Mbelgiji, nifanyeje, na wengi ni rika langu, miaka sabini kasoro au sabini na kitu, sisi machotara, mama mweusi baba mzungu, tuliochukuliwa kwa mama zetu Kongo, Rwanda na Burundi wakati wa Mbelgiji tukawekwa kwa masista, halafu uhuru ulipokaribia baadhi yetu tukapandishwa ndege mpaka Ubelgiji tukagawiwa kwa familia. Mi ni wa Bukavu. Niliondoka nina miaka mitano nikapewa jina la watu wengine. Kiswahili nilikirudia ukubwani niliporudi kuishi kwetu, na sasa ndo kazi yangu, nawasomea wenzangu makaratasi yao na kuwatafsiria, bure (chai nanunuliwa).

Basi cha kwanza, na kwangu ndo kikubwa: karatasi itakwambia mama alikubali kukutoa. Utaona alama ya kidole gumba chini ya barua ya Kifaransa kizito, na mama hajui kusoma hata jina lake, sasa hapo kakubali nini? Mi nilikuwa mjinga. Nilikaa na kopi yangu miezi nane nimemkasirikia mama ambaye alishafariki, ndo nikafunga safari mpaka kwa mama mdogo kijijini, hata chai haijapoa nikamuuliza, kwa nini alinitoa? Akaniangalia. Akavuta ungo wake wa maharage akachambua mpaka giza likaingia, hajasema neno. Kesho yake asubuhi ndo akaniambia kwamba gari la serikali lilikuja mara mbili, mara ya kwanza mama alinificha kwenye migomba, mara ya pili chifu alishatishwa na wakajua pa kutafuta.

Kwa hiyo usiulize hivyo jamani. Uliza siku ile ilikuwaje, halafu nyamaza.

Niliporudi nikalisoma faili upya, na kwenye kijikaratasi ambacho mwanzo nilikiruka karani kaandika kwamba yule mwanamke amekuja tena kumuulizia mtoto. Tena! Yaani alishakuja kabla na hakuna aliyeandika. Ndo maana nawaambia watu barua kubwa zenye mihuri zisubiri, hizo ziliandikwa ili serikali ionekane safi, we anza na vikaratasi.

Halafu majina. Makarani waliandika kwa masikio ya Kifaransa, Furaha inageuka Fouraha, na miji pia, Bukavu utaikuta Costermansville, Bujumbura ni Usumbura, Huye ni Astrida, Kalemie ni Albertville, sasa ukitafuta kwa jina la leo utaambiwa hakuna kitu na utaenda nyumbani unalia bure. Kuna Nyaraka za Taifa kule Brussels, wana watu maalum wa kazi ya machotara, waandikie, na uwape majina yote unayoyajua, hata lile la utani la nyumbani.

Sasa nyie vijana mnaotaka kutusemea. Asanteni, lakini someni kwanza. Charles Michel, waziri mkuu wa Ubelgiji wakati ule, aliomba radhi bungeni tarehe 4 Aprili 2019, wengine tulilia, ila fidia haikuwemo. Wamama watano waliochukuliwa hawajafika hata miaka saba, wakalelewa misheni ya Katende kule Kasai, wakaishtaki serikali ya Ubelgiji. 2021 wakashindwa, eti kwa enzi zile kuchukua watoto hivyo hakukuhesabiwa uhalifu dhidi ya ubinadamu. Wakakata rufaa, bibi wa miaka sabini na kitu hao, na tarehe 2 Desemba 2024 mahakama ya rufaa Brussels ikasema serikali ilikuwa na mpango wa kuwasaka watoto wa mama mweusi na baba mzungu na kuwateka, na kwamba huo ni uhalifu dhidi ya ubinadamu, kila mmoja alipwe euro 50,000. Sasa ukienda kusema kwenye mkutano sema hivyo hivyo, watoto walitekwa. Usituite yatima, mama zetu walikuwa hai, wengine walikuwa kilomita chache tu kutoka kwa hao masista. Na neno kuasiliwa mi silipendi likisimama peke yake, linasikika kama kuna mtu aliulizwa.

Na kamera, kamera! Jumapili iliyopita nilikuwa kwa bibi mmoja, mjukuu kashika simu anarekodi, anamwambia bibi sema ulivyojisikia. Bibi akasema zima hiyo. Akanisogezea karatasi, akaweka kidole kwenye jina la mama yake, akaniuliza linatamkwaje. Nikamtamkia. Akalikosea, akacheka, akaniambia rudia polepole.